Ziwa la Mama Nalo ni Nasaba

Mjukuu wangu, karatasi yako ya nasaba nimeiona, na nakusifu. Umepanda na majina ya babu zetu mpaka ukafika kwa wale waliofyeka msitu hapa Msambweni na kuchimba kisima cha kwanza. Lakini mbona wote ni wanaume? Kwani walizaana wenyewe kwa wenyewe? Usicheke. Kaa kitako nikuhadithie siku niliyoposwa, maana naikumbuka mpaka harufu ya udi uliofukizwa.

Ilikuwa miaka ya hamsini, Mzungu angali anatawala, nami ni mwari wa kuozwa. Mposaji mwenyewe ni Bakari wa Shimoni. Nilimwona kwenye harusi ya jirani, naye akaniona, na tangu hapo usingizi ukanihama. Wallahi nilimpenda, kwa umri huu sina haja ya kukuficha. Mama yangu alikuwa ameshafariki, na kaka yangu wa pekee, Hamisi, alikufa kwa homa angali mdogo. Nyumbani tulibaki mimi na baba, na matumaini yangu yote niliyaweka kwa Bakari.

Siku ya posa wazee wa Shimoni wakaja, pamoja na Bi Mishi, shangazi yake Bakari, ndiye aliyemlea. Wanaume wakakaa ukumbini, sisi wanawake chumba cha ndani, katikati pazia. Mimi nimejikunyata pembeni, nimejifunika kanga gubigubi, masikio wazi. Basi nasaba zikaanza kusomwa. Baba akataja fulani bin fulani mpaka kwa yule aliyekuja na shoka lake wakati hapa panakaa nyani tu. Mzee wa upande wao naye akapanda na wa kwao, akafika msitu ule ule! Kumbe ukoo wao ulianza mji pamoja nasi, kisha ukahamia Shimoni. Lo, furaha iliyokuwepo! Wazee wakashikana mikono, wakasema walioanza pamoja sasa wanarudiana. Nami huko ndani nusura nijipigie vigelegele mwenyewe.

Sasa, bibi yangu Mwanakombo, mama yake mama, alikuwa amewasili asubuhi ile kutoka shambani kwake Kikoneni. Habari za mposaji alikuwa hajazisikia vizuri. Aliposikia jina la marehemu baba yake Bakari likitajwa kule ukumbini, akaweka chini kikombe cha kahawa, akamgeukia Bi Mishi.

"Mwenzangu, mama yake huyu kijana alifia wapi?"

"Papa hapa Msambweni, dada yangu. Alikuja kujifungua kwa jamaa zake, akapatwa na homa. Habari zilichelewa kutufikia. Nilipokuja kumchukua mtoto, alishatimiza arubaini."

"Na siku zote hizo alinyonya nini?"

"Nilimkuta kwa bibi mmoja. Sikuuliza, nilikuwa nalia tu. Nadhani alipewa maziwa ya mbuzi."

"Bibi uliyemkuta ni mimi, nilikuja hapa kumuuguza binti yangu aliyejifungua," bibi akasema. "Na mbuzi hatukuwa naye. Mtoto yule alinyonya kwa binti yangu. Ziwa hili Hamisi, ziwa hili yeye, usiku na mchana, mpaka ulipokuja."

Bi Mishi akashika mdomo. Bibi akapaza sauti, pazia lisimzuie: "Nyinyi wanaume! Mmetaja mababa mpaka mkafika kwa nyani, na hakuna hata mmoja aliyeuliza kijana alinyonya wapi. Walionyonya ziwa moja ni ndugu. Mnataka kuoza kaka na dada?"

Baba akajitetea kwamba wakati ule alikuwa kazini kwenye mashamba ya miwa Ramisi, akirudi mara chache, na mambo ya uzazi yalikuwa ya wanawake. "Ya wanawake, ndiyo," bibi akamjibu, "lakini anayeozwa ni binti yako." Shehe akaitwa. Majirani wazee waliokuwepo siku zile wakaulizwa, wakashuhudia vilevile. Posa ikaishia hapo, na mkate wa sinia ukaliwa kimya kimya.

Nililia, mwanangu. Nilimchukia bibi yangu. Nikamwambia usoni kwamba ameniharibia maisha, arudi zake Kikoneni. Hakunikaripia. Alinipangusa kamasi kwa upindo wa kanga yake, akaniambia, "Lia tu. Lakini Hamisi alipokufa ulibaki huna kaka. Sasa unaye, na huyu hawezi kukupa talaka."

Sikumwelewa hata kidogo. Bakari akaoa, nami nikaolewa na babu yako, mtu mwema. Kila Idi Bakari alikuja na samaki wa Shimoni, na mama yako, mtoto wangu wa pekee, akakua akimwita mjomba. Babu yako alipofariki nikatamani kwenda Hija, ila sina mtoto wa kiume, baba hayupo, na mwanamke anahitaji maharimu wa kusafiri naye, mume au ndugu asiyeweza kumwoa. Bakari akaja na mkoba begani. "Dada, twende," akasema, basi. Kule Makka, katika umati ule wa watu wanaoizunguka Al-Kaaba, alinishika mkono hakuniachia. Nikamkumbuka bibi yangu, nikalia tena, safari hii kwa kumshukuru na kumwombea.

Kwa hiyo nisikilize. Unapotafuta asili ya watu wako, usiishie kwa wazee wa barazani. Ingia jikoni, kaa na bibi zako, uwaulize nani alizaliwa wapi, nani alimlea nani, nani alinyonya kwa nani. Waulize wangali na kauli. Na ukiambiwa jambo usilolipenda, liandike vilevile, huenda likaja kukufaa uzeeni kama lilivyonifaa mimi.

Haya, shika kalamu. Hapo ulipomwandika baba yangu, andika pembeni mama yangu, Mwanasiti binti Omari. Chini yake waandike watoto wake watatu: Hamisi, mimi, na Bakari.

Vizuri. Mola aubariki mkono huo unaoandika, akupe umri mrefu, na asikunyime ndugu wa kukushika mkono.