Wivu wa Mke wa Fundi Viatu

Dada yangu, mke wa fundi viatu, alimwonea wivu muuza mikate, mjane mwenye miwani. Kila alasiri mjane huyo alikuja kibandani kusoma na shemeji vitabu vya wanafalsafa wa kale kuhusu mali na utawala. Walibishana ardhi ni ya nani, viatu vya wateja vikingoja gundi. Nyumbani shemeji haongei, ila kuomba maji ya kuoga.

Siku moja dada alibeba kigoda, akakiweka baina yao.

“Nisomeeni na mimi.”

“Mama watoto, tumeshafika katikati,” shemeji akasema.

“Basi rudini mwanzo. Mimi sina haraka.”

Shemeji akacheka, akafunua ukurasa wa kwanza. Dada akamshukuru Mungu kimoyomoyo. Siku hiyo aliyenuna ni muuza mikate.