Nondo wa Karai la Kache

Kache hulima na kuuza matembele Miritini, karibu na mahali malori yanapoegeshwa. Kwa miaka kumi na mmoja amemjua adui yake: kiwavi mnene kama kidole gumba, mwenye pembe mkiani, anayetafuna majani bila kupumzika. Wakulima wote humponda kwa jiwe, kwa imani kwamba pembe ile ina sumu. Ndivyo tulivyo: tunaua kwanza, tunauliza baadaye.

Mwaka huu Kache aliuliza. Alimwona mmoja akijizika mwenyewe udongoni. Baada ya siku kadhaa akafukua, akakuta kitu cha kahawia, kigumu, chenye mkono mwembamba uliopinda kama wa birika. Alipokigusa kikajinyonganyonga.

Akakizika kwenye karai lenye udongo, akalifunika kwa kipande cha chandarua. Alikuwa na jambo moyoni. Kila magharibi nondo wakubwa huja kunywa utamu wa maua ya mipapai yake miwili, dume na jike. Mwaka jana matembele yote yalipopigwa dawa, nondo walitoweka, na mpapai jike ukapukutisha maua bila kuzaa.

Mumewe, Changawa, alipoelezwa alicheka hadi akakaa chini. Pampu ya dawa ya kikundi cha wakulima huenda kwa zamu, na zamu yao ilikuwa Jumamosi.

"Kiwavi ndiye anayeutia mpapai mimba?" alisema. "Basi ana pembe huyo. Mfunge kamba tumkamue maziwa."

"Ningoje, Baba Garama. Asipotoka nondo kufikia Jumamosi, piga dawa yako."

Siku zikayoyoma, karai kimya. Ijumaa alasiri udongo ukatikisika. Akatoka mdudu aliyelowa, mabawa yamekunjamana kama kitambaa kilichokamuliwa. Akapanda chandarua, akaning'inia. Mabawa yakajaa, yakanyooka, ya kijivu; tumboni ana mistari ya waridi na nyeusi. Kache alimwita mumewe kwa sauti iliyowatoa majirani nje.

Magharibi nondo akaanza kutetemeka. Kache akafunua chandarua. Nondo akazunguka paa, kisha akasimama hewani mbele ya ua la mpapai dume, akakunjua mdomo mrefu kuliko mwili wake.

"Ule mkono wa birika," Kache alisema, pumzi zikimpaa, "kumbe ndimo ulimolala mdomo."

Nondo akahamia mpapai jike.

Changawa hakucheka tena. Alikwenda hadi tuta la mwisho, lililoliwa kuliko yote.

"Hili liwe la viwavi. Utakaowakuta kwingine, walete huku. Na kesho pampu ikija, mimi sipo."

Kache alikuwa keshainama. Akamwokota kiwavi wa kwanza kwa vidole vitupu. Pembe ikapinda tu. Haikuchoma.