Mwenye Kikopo

Watu wengine hukasirishwa na kuku wa jirani anayeparua bustani. Mimi hukasirishwa na kivumishi. Ni kimoja tu, cha kazini kwangu maabara, na watu wa afya wanakitumia ovyo kila siku.

Tulifundishwa chuoni kwa Kiingereza, na sisi tuliotoka Mbulu tulikitamka asidi-fasti, kwa mkazo wetu wa milimani uliomfanya mwalimu acheke kila mara. Kwa Kiswahili tungesema stahimilivu kwa asidi. Unachukua makohozi, unayapaka kwenye kioo kidogo tunachokiita slaidi, unayakausha, unayamwagia rangi nyekundu na kuipasha moto mpaka itoe mvuke. Kisha unaosha kwa asidi iliyochanganywa na spiriti. Bakteria wengi wakiguswa na asidi hiyo huiachia rangi papo hapo. Bakteria wa kifua kikuu wana ukuta wenye nta, na rangi ikishaingia mle, asidi haiwezi kuitoa. Mwisho unamwaga rangi ya bluu, na ukitazama kwa darubini, kila kitu ni bluu isipokuwa hao, vijiti vyembamba vyekundu.

Maana yake ni hiyo tu. Hakisemi kwamba bakteria hao hawafi kwa dawa, maana wanakufa. Na hakimsemi mgonjwa hata kidogo. Siku moja nesi wetu alisema, "Yule mama ni ei-efu-bi," zile herufi tatu tunazofupishia. Nikamwambia si mama, ni wale waliomo kwenye slaidi. Akaniambia nimekosa darasa la kufundisha, nitafute shule. Tulicheka, lakini sikurudisha neno langu.

Sasa nisimulie jinsi mimi mwenyewe, mwenye mdomo huo, nilivyokitumia vibaya, kwa mtu niliyempenda.

Nimezaliwa milimani Mbulu, kwa wakulima wa mahindi na vitunguu saumu, Wakristo wa kwenda kanisani kila Jumapili. Nikaolewa chini huku Hanang, upande wa Dirma, kwa wafugaji wa Kidatoga. Mama yangu aliniuliza kama nitaweza. Nikasema nitaweza kuliko waliozaliwa huko. Na kweli nilijifunza mila za mkwe mpaka nikapitiliza. Kwa Wadatoga mwanamke hamtaji baba mkwe wake kwa jina, hamkazii macho, na wakikutana njiani yeye ndiye anayepisha. Wake wa shemeji zangu walikuwa wanalegeza kidogo siku hizi. Mimi sikulegeza. Nilikuwa nasema, "Shikamoo baba," nikiwa nimetazama vidole vyangu vya miguu, naye anaitika "Marahaba, mwanangu" kwa sauti ya mtu anayezuia kicheko.

Alikuwa mtu mpole. Nilipojifungua mtoto wa kwanza alitoa ng'ombe wa maziwa bila kuombwa, akamleta mwenyewe mpaka mlangoni, akaondoka kabla sijatoka nje, ili nisipate taabu ya kupisha. Mama mkwe ndiye aliyembeba mtoto huyo mgongoni nilipoanza tena kazi kwenye kituo cha afya. Kwa hiyo ninaposema niliwapenda, simaanishi mapenzi ya kwenye kadi.

Mvua za kwanza za mwaka ule zilipoanza, baba mkwe alianza kukohoa. Zikaisha, bado anakohoa. Mifupa ya mabega ikaanza kuonekana chini ya shuka lake. Sikulala vizuri. Kituoni kwetu mimi ndiye mtu wa maabara peke yangu, na niliogopa mzee yule asije akafia mikononi mwangu, kwenye nyumba yenye mtaalamu. Nikamtuma mume wangu amshawishi. Ilichukua wiki mbili, akakubali.

Alikuja na mama mkwe, kwa miguu, asubuhi. Nilimpa kikopo cha makohozi chenye kifuniko, jina lake limeandikwa ubavuni kwa mkono wa nesi, maana hata kuliandika mimi niliona nimelitaja. Nikamweleza, macho chini: aende nje kwenye uzio, mahali penye upepo, avute pumzi ndefu, akohoe kutoka kifuani, si mate ya mdomoni. Mgonjwa anapokohoa, mtu wa maabara anatakiwa asimame pembeni ahakikishe. Ndivyo nilivyofundishwa, na ndivyo ninavyofanya kwa kila mtu.

Kwake sikufanya. Nilimgeuzia mgongo nikatazama ukuta, nikajiona mkwe mwenye adabu sana.

Kikopo kilirudi na mama mkwe, kimefunikwa vizuri, makohozi mazito kama tunavyoyataka. Kesho yake akaleta cha pili, cha alfajiri. Nilipaka rangi, nikaosha, nikainama kwenye darubini, na vijiti vyekundu vikawa vinanisubiri kwenye slaidi zote mbili. Nililia kidogo, lakini pia nilipumua. Ugonjwa uliojulikana unatibika. Nikaandika kwenye rejista, mbele ya jina lake, kile kivumishi changu.

Dawa zikaanza. Kila mgonjwa anachagua mtu wa nyumbani wa kumsimamia ameze kila siku, naye alimchagua mkewe, jambo la kawaida kabisa. Mtoto wangu akapewa dawa ya kinga. Daktari akawauliza watu wazima wote wa boma kama wanakohoa. Mama mkwe alisema, "Mimi ni moshi wa jiko," na ni kweli jiko lake lilikuwa na moshi wa kutoa machozi, hakuna aliyeuliza tena.

Dawa mojawapo ya kifua kikuu hugeuza mkojo kuwa wa rangi ya machungwa. Ni njia rahisi ya kujua kama mtu anameza. Kumuuliza baba mkwe habari za mkojo ni kitu ambacho nisingekifanya hata kwa kushikiwa fimbo, kwa hiyo nikamtuma mume wangu. Alirudi akisema, "Nimeuliza. Baba anasema ndiyo, mwekundu." Miezi miwili ilipotimia nikaomba makohozi tena, kikopo kikaja tena kwa mkono wa mama mkwe, nikatazama slaidi nzima mstari kwa mstari, bluu tupu. Niliimba maabara peke yangu. Nilimwandikia: hakuna kilichoonekana.

Lakini yeye hakunenepa. Nesi alipompima kwenye mizani alikuwa amepungua. Daktari akasema labda ni umri, tumwangalie. Mimi nikakasirika, na nakiri nilimkasirikia yeye. Nilidhani anakunywa pombe ya asali na wazee wenzake juu ya dawa, au ugoro umemmaliza. Nikamwambia mume wangu, "Mwambie baba yako slaidi yake ni safi, asijiachie kama mgonjwa." Maneno hayo natamani ningeyameza.

Kilichonifungua macho kilikuwa kanga. Jumamosi moja nilikuwa jikoni kwa mama mkwe namenya viazi. Kuni zilikuwa mbichi, moshi umejaa, naye alikuwa anachochea huku machozi yanamtoka. Alijifuta kwa pindo la kanga yake, ambayo ilikuwa nyeupe. Alipoliachia pindo nikaona doa la rangi ya machungwa. Pembeni yake kulikuwa na madoa mengine, ya zamani, yaliyofuliwa na kubaki hafifu.

Dawa ile haigeuzi mkojo tu. Hugeuza na machozi.

Niliweka kisu chini. Nikamtazama vizuri kwa mara ya kwanza baada ya muda mrefu, maana mtu unayemwona kila siku humtazami. Mashavu yalikuwa yamejaa. Na sikukumbuka ni lini nilimsikia mara ya mwisho akikohoa ule moshi wake.

"Mama," nikamwambia, "dawa za baba unameza wewe?"

Hakushtuka. Alisogeza sufuria, akakaa kwenye kigoda. "Amenipa mwenyewe."

"Kwa nini?"

"Muulize mwenyewe. Mimi nameza tu."

Nilitoka nje. Baba mkwe alikuwa amekaa kwenye ukingo wa zizi, mgongo umeegemea miti ya uzio, anatazama ndama. Nilisahau kupisha, nilisahau vidole vyangu vya miguu. Nilisimama mbele yake nikamtazama usoni. Uso ulikuwa umebaki ngozi. Nilikuwa nimeishi naye boma moja miaka minne na sikujua kwamba jicho lake la kushoto lina alama nyeupe.

"Baba, shikamoo."

"Marahaba."

"Dawa zako anameza mama."

"Ndiyo."

"Baba, kwa nini?"

Alikohoa kwanza, kwa muda, amejifunika mdomo kwa shuka. Kisha akanieleza polepole, kwa Kiswahili chake cha kuchagua maneno, kama mtu anayemfundisha mtoto.

"Siku ile umenipa kikopo, mimi nimeshindwa. Kutoa uchafu wa kifua, halafu mke wa mtoto wangu aushike, autazame? Hapana. Nikamwambia mama, tema wewe. Yeye pia anakohoa. Mimi nilifikiri nyumba moja, kikohozi kimoja, dawa itakuwa ya nyumba."

"Halafu?"

"Halafu umekuja na jibu. Umesema wadudu wamo kwenye kikopo. Kikopo ni cha nani? Ni cha mama. Basi mgonjwa ni mama. Dawa nikampa mwenye kikopo. Mtoto wangu alipouliza mkojo, nikajibu wa mama. Na kile cha mwisho umesema ni safi, nikafurahi, mama amepona."

Mzee ambaye hakukaa darasani hata siku moja alikuwa amekielewa kivumishi kile sawasawa, kwamba kinasema habari za kilichomo kwenye kikopo na si za mtu mwingine. Mimi niliyekitetea kwa manesi ndiye niliyekichukua kutoka kwenye slaidi nikakibandika kwenye jina, kwa sababu jina lilikuwa limeandikwa ubavuni.

"Na wewe, baba?" nikamuuliza. "Wewe unakohoa mpaka leo."

"Mimi," akasema, bila lawama yoyote, "bado hujanipima."

Jumatatu yake alipanda bodaboda kuja kituoni, amekaa katikati ya dereva na mume wangu ili asianguke. Nilimsindikiza hadi kwenye uzio, nikasimama pembeni yake, sikugeuka. Nilimwambia, "Baba, nisamehe, leo lazima nitazame." Akasema, "Tazama." Akavuta pumzi ndefu na kukohoa, mishipa ya shingo imemtoka, mara tatu, mpaka akapata. Aibu ilimjaa, nami nilikuwa na yangu. Alinipa kikopo kwa mikono miwili, nikakipokea kwa mikono miwili, kikiwa bado na joto.

Vijiti vyekundu vilikuwa vingi mno, vimerundikana kila niliposogeza slaidi. Kuna kiwango cha juu kabisa tunachoandika, alama tatu za kujumlisha. Niliziandika, na jina lake nikaliandika kwa mkono wangu.

Kwenye rejista ilibidi nieleze kila kitu, kuanzia ukuta niliouangalia siku ile. Mkubwa wangu alitoka wilayani, akasoma, akaniuliza kama nimeelewa kosa liko wapi. Nikasema nimeelewa. Mama mkwe akafunguliwa kadi yake mwenyewe akamalizia miezi iliyobaki. Yeye na mume wake walikuwa wanameza pamoja asubuhi kabla ya chai, kila mmoja kwenye boksi lake, na mtoto wangu anawahesabia vidonge kwa kelele.

Baba mkwe alimeza dawa zake kwa wiki tano. Pafu lilikuwa limeshaliwa, daktari alituambia mapema tusijidanganye. Alifariki asubuhi, ng'ombe wakiwa wanatoka zizini, na tukamzika hapo bomani. Hakuna mtu wa ukoo ule aliyeninyooshea kidole. Mume wangu alisema ni mipango ya Mungu. Mimi sisemi hivyo. Miezi mitatu na nusu bila dawa ni mirefu kwa kifua kinacholiwa, na nilikuwa naishi hatua thelathini kutoka alipokuwa akilala.

Baada ya matanga kwisha nilirudi kazini. Siku ya pili au ya tatu mama mkwe alikuja kituoni, hakupita kwa nesi, alikuja moja kwa moja mpaka mlango wa maabara. Alikuwa ameshika boksi la dawa la marehemu, na ndani yake karatasi za vidonge ambazo hazijaguswa. Alikuwa amezipanga kwa mpangilio, kama alivyozoea kumpangia.

"Hizi zimebaki," akasema. "Mimi zangu ninazo, sikuzichanganya. Hizi ni za kwake kweli. Nimrudishie nani?"

Nilivua glovu. Nikamwambia, "Nipe mimi, mama." Akanipa, lakini hakuondoka. Alisimama mlangoni akanitazama nikilifungua kabati, nikaliweka boksi ndani, nikafunga, na hata nilipomaliza alikuwa bado amesimama, kama anayehakikisha.