Baba wa Bibi Harusi

Mwigizaji wetu alizaliwa na hali ya Down. Kila nilipompaka poda alifumba macho, akanishika kifundo cha mkono kwa vidole vyake vifupi, akawa anapumua kufuata mwendo wa brashi. Filamu sita nimempaka hivyo, na katika zote alikuwa mtoto wa kuhurumiwa, ingawa mvi zilikwisha kumwingia. Juzi, kule mtaani Bwaise tulikopiga filamu ya saba, aliniuliza kama kawaida kwa ile sauti yake nzito, "Dada, leo nani ananililia?"

Mwongozaji, Zuhair, akamjibu, "Hakuna. Leo wewe ni baba, unamwoza binti."

Mwigizaji wetu akainuka kitini. Akavaa kanzu, kisha akafunga vifungo vya koti mwenyewe, kimoja kimoja, kama aliye ndotoni. Kamera ilipowashwa, Taqwa, aliyeigiza binti, alipiga magoti kuaga. Yeye akamwekea mkono kichwani, na maneno yote aliyofundishwa yakamtoka akilini.

"Ukichoka huko," akasema, "rudi. Kitanda chako sikitoi."

Zuhair alisema basi, kamera ikazimwa. Taqwa hakuinuka, na baba yake hakuuondoa mkono.