Filamu ya Kijapani, baba yangu, na jina lililonitoka kwenye maiki

Wakuu, poleni na majukumu.

Niko Bujumbura, kwa hiyo Kiswahili changu kikiyumba mtanivumilia. Hiki ninachoandika kimenitokea mimi mwenyewe. Anayeona ni chai, aweke sukari anywe.

Mimi ni DJ wa filamu. Wa filamu, sio wa muziki. Ukumbi wetu uko mtaa wa Bwiza, hapa mjini: mabenchi, projekta, spika mbili zilizochoka. Filamu inachezwa, mimi nakaa pembeni na maiki nawaambia watu kinachosemwa.

Kijapani sijui hata salamu. Nasoma maandishi ya Kifaransa yanayopita chini, nayageuza Kiswahili papo hapo, natia na chumvi kidogo.

Kuna desturi moja huwezi kuivunja: shujaa lazima apewe jina la mtaani. Ukiwatajia watu jina la Kijapani, muda si mrefu wameshapotea na wanaanza kupiga stori zao.

Sasa kuhusu mimi.

Jina alilonipa baba ni Nduwayo. Kwa wasiojua, Burundi kila mtoto hupewa jina lake peke yake, hatubebi la baba. Ukisoma majina yangu na ya ndugu zangu, huwezi kujua kama tumelelewa nyumba moja.

Mwaka jana nilisilimu, nikaitwa Yusufu. Tafadhali, mjadala wa dini upelekeni kwenye jukwaa lake.

Baba anaitwa Melkioro. Ni nesi mstaafu, anakaa Gihosha, Mkatoliki wa benchi la mbele. Nilipomwambia hakupiga kelele hata kidogo.

Alisema, "Bon. Nduwayo nilimupa jina mi mwenyewe. Huyo Yusufu simujue. Hana baba."

Akaendelea kula maharage yake.

Basi tukaishi hivyo. Nikienda kumsalimia ananijibu, ananiuliza afya, lakini nikigusa habari za jina jipya anawasha redio.

Kisha nikapata mchumba, Zainabu, anauza vitenge na mama yake sokoni. Ndoa ikapangwa. Wazee wa kwao walikuwa na swali moja tu: baba yako atakuja? Mwanaume asiyesimamiwa na mtu wa kwao, watu wa zamani wa Bwiza wanamwangalia mara mbili.

Nikasema inshallah. Moyoni nilijua haji, na iliniuma.

Zainabu hakunishirikisha. Alipanda mpaka Gihosha peke yake, akamsalimia mzee kwa heshima zote, akamwambia, "Papa, kuja kwanza umuone akiwa kwa kazi. Kisha ukatae vizuri."

Yule binti ana ulimi, wakuu.

Jumapili baada ya misa, niko katikati ya filamu, nikamuona mzee anaingia na suti yake ya kanisani. Zainabu nyuma yake. Wakakaa benchi la pili. Mzee akavaa miwani.

Nieleze filamu yenyewe.

Kuna jamaa anaosha mabehewa ya treni. Hatari ikitokea anajigonga kifua, mwili unafunikwa na magamba ya chuma, anakuwa mtu mwingine kabisa. Shida ni kwamba kila akigeuka, sura yake ya zamani inafutika kidogo. Majirani wanaanza kumsahau. Mpaka picha za ukutani zinabaki na doa jeupe pale alipokuwa yeye.

Halafu kila akigeuka, kabla ya kupigana, anasimama, ananyoosha mkono na kutangaza jina lake. Adui naye anasubiri kwa adabu mpaka jamaa amalize kujitambulisha. Bwiza hapa ungeshapigwa jiwe.

Mimi nilimwita Saidi Chuma. Nikisema "Mi ni Saidi...", ukumbi mzima unamalizia, "Chumaaa!"

Ikafika sehemu ambayo nilikuwa nimeshaiona nyumbani wakati wa kujiandaa, ila sikuwahi kuihusisha na mimi na baba. Jamaa anarudi kwao akiwa na magamba yake, anabisha hodi. Baba yake, mzee muuza supu, anafungua mlango, anamtazama, anasema maneno mawili matatu.

Maandishi yakapita chini. Mzee wangu akayasoma. Kifaransa anakijua kuliko mimi.

Watu wakaanza, "DJ, anasema nini? DJ!"

Nikatafsiri kama ilivyo. "Mutoto wangu hayuko tena. We sikujue."

Nilimuona mzee anainamisha kichwa.

Kwenye filamu jamaa akarudi barabarani, adui yuko pale anamsubiri. Akajigonga kifua. Akanyoosha mkono. Watu wamejaza pumzi kusubiri Chuma yao, na hapo mdomo ukanitangulia:

"Mi ni Yusufu bin Melkioro, wa Gihosha!"

Wengine walishaanza "Chu...", wakakatikia hapo.

Kisha mama mmoja nyuma akapaza sauti, "Ee DJ! Saidi amekufa saa ngapi?"

Watu walicheka mpaka wakapiga mabenchi. Mzee akasimama, akavaa kofia, akatoka. Filamu niliimaliza, lakini msiniulize nilisema nini.

Nilipotoka nilimkuta amesimama kivulini mbele ya duka la simu.

"Nani amekupa ruhusa ya kutaja jina langu mule ndani?"

"Papa, ndivyo shehe atanisoma siku ya ndoa. Yusufu bin Melkioro. Alinambia langu naweza kubadili, la baba haliguswi."

"Hata kama mi ni mukristu?"

"Hata kama."

Akarekebisha kofia. Kisha akasema polepole, "Kwetu hakuna mutoto wangu anabeba jina langu."

"Apana, hakuna."

Akavua miwani, akaifuta muda mrefu kuliko ilivyohitaji.

"Hiyo filamu yenu ni ya ovyo," akasema. "Muzazi gani anafungia mutoto mulango na hajamuuliza kama amekula?"

Akaondoka bila kuaga.

Siku ya ndoa sikujua kama atakuja, na sikuthubutu kupiga simu. Niko mkekani na wazee, shehe ameshakaa, nikasikia mtu pale mlangoni anamkaribisha mgeni. "Karibu mzee wangu. Bwana harusi ni nani kwako?"

Nikasikia sauti ya baba. "Mi ni baba ya Yusufu."

Wakuu, nililia mbele ya wakwe. Aibu sikuona.

Nilichojifunza: nilidhani mzee anagombana na msikiti. Kumbe aliona nimefuta kitu pekee alichonipa, na hakuna kilichobaki cha kuonyesha kuwa nimetoka kwake. Mimi nilikuwa na jibu tangu mwanzo, hilo "bin Melkioro", na sikujua kama ni jibu.

Nyumbani bado ananiita Nduwayo. Naitika.

Nyie mliobadili jina au dini, kwenu waliwaitaje baada ya hapo? Semeni, leo ukumbi umefungwa, nitawasoma wote.