Padri wa Bawshar

Usiku kucha Muhsina alikuwa akiitazama simu. Asubuhi shangazi yake, Mahbuba, angeondoka kwenda Hija, na kwa desturi yao msafiri wa Hija huzunguka kwanza kuomba radhi. Mahbuba kishaimaliza Sib nzima, mji anaokaa, karibu na Maskati. Hata muuza vitunguu wa sokoni Mawaleh kaombwa radhi. Nyumba moja tu ya Bawshar hakuigusa: ya kaka yake wa tumbo moja, Harub, babaake Muhsina.

Mzee alikaa sebuleni na kanzu yake iliyopigwa pasi.

"Baba, kalale."

"Nimezowea kungoja. Roma tulikuwa tunangoja kutwa nzima ili mtu upigwe risasi moja."

Aliondoka Unguja kijana, mwaka wa mapinduzi, akafika Napoli akiosha masufuria melini. Watu wa filamu walikuwa wakitafuta sura kama yake, inayoweza kutoka popote. Akawa mwizi wa ng'ombe Meksiko, mlinzi wa Firauni, dereva wa majambazi. Jangwa lililetwa kwa malori, mwezi ulitundikwa kwa kamba, na aliyekufa jioni aliamka asubuhi akanywa kahawa. Jina lake halikuandikwa mara mbili namna moja. Nusu ya filamu hakuwahi kuifikia akiwa hai. Lakini kwa kuanguka na farasi, hakuna aliyemshinda. Baadaye akaja Maskati, akawa karani wa serikali, akaoa. Muhsina alilelewa kwa hadithi hizo, na mpaka leo baba akisinzia kitini humwendea kutazama kama anapumua.

Kilichomharibia ni filamu moja ya mashetani. Humo yeye ni padri. Anaubusu msalaba na kusali kwa sauti nene. Kanda ikafika Sib, Mahbuba akaitazama, akasema kaka yake kaitupa dini. Harub aliapa kuwa sauti ile si yake. Kule kila mtu alisema lolote mbele ya kamera, kisha Mtaliana mwengine akaja kutia sauti. Yeye, msalaba ulipomfika mdomoni, alikuwa akisoma audhubillahi.

"Nimesikia kwa masikio yangu," alijibu Mahbuba, na tangu hapo hakumpokea tena. Vijana wa ukoo wakamwita mzee Padri, kwa kumtania.

Masikio yale siku hizi hayasikii kitu. Mahbuba humtazama mtu midomo, na hapitwi na neno, hata la wanaomsengenya upande wa pili wa ukumbi.

Jioni ya kuamkia safari, kwa kukosa la kufanya, Muhsina aliitafuta filamu mtandaoni, akampelekea Malak, mjukuu wa Mahbuba, amweleze bibi yake mambo ya kutia sauti. Malak akausoma ujumbe. Tangu hapo Muhsina akawa anangoja simu iite.

Alfajiri ndipo alipopiga. "Da Muhsina, bibi kaiangalia. Kairudisha pale pale kwenye msalaba, tena na tena. Kisha kaingia chumbani, hasemi na mtu. Na gari ya uwanja wa ndege iko njiani."

"Mdogo ndiye anayemwendea mkubwa," alisema Harub. "Na mwenye safari ndiye anayeomba."

"Akiondoka hivi, baba?"

Mzee alivaa kofia, akatangulia kwenye gari.

Njiani milima ilikuwa myepesi, rangi ya maziwa, kama iliyochorwa juu ya kitambaa. Harub aliitazama akitabasamu peke yake.

Sib, masanduku yalikuwa kibarazani. Malak aliingia kumwita bibi, mlango ukajifunga nyuma yake. Mzee alisimama wima, asiegemee kitu. Muhsina alisikia gari ikiingia mtaani.

Mlango ukafunguka kidogo. Mahbuba, amevaa nyeupe, alimkazia kaka yake macho mdomoni.

"Audhubillahi yako ilikuwa ya mbio mbio," alisema, kwa ile sauti kubwa ya wasiosikia. "Na lile joho halikukukaa."

"Lilikuwa la kuazima."

"Ingia uniridhie, kaka, watu wanangoja." Akaufungua na ubawa wa pili wa mlango.