Anayeshuka Kinyumenyume Mbele ya Chiriyaku

Mgawa maji wetu hawezi kuupa mto mgongo. Kila mwaka, tukishazoa matope yote mferejini, hufungua lango la mto Chiriyaku kwa mikono iliyopasukapasuka kama viazi vya jivuni, kisha hushuka kinyumenyume mbele ya maji ya kwanza, pekupeku, akiyabembeleza: "Njoo, mama, njoo."

"Mzee, utaanguka!" jirani yetu kijana, Saturnina, alimtania mwaka huu, kama kawaida yake. "Nani atakubeba?"

"Wewe, binti yangu. Mdomo unao, mabega utayakosa?"

Tulicheka mpaka maji yaliposimama. Theluji ilikuwa haba mlimani, na huko chini mashamba yetu yote ya mahindi yalikuwa yakingoja. Mzee akavua kofia, akamimina ardhini pombe yote ya kibuyu chake, sadaka kwa mto, akachuchumaa. "Umechoka, mama. Pumzika, tupo." Maji yakatulia, yakatulia, halafu uzi mwembamba wa maji ukapenya katikati ya vidole vyake vya miguu. Akainuka, akaendelea kurudi nyuma. Nilipogeuka nikamwona Saturnina, viatu mkononi, naye akishuka kinyumenyume.